Shairi Lirudi Ndia Kuu

Kijana wa kwanza kati ya wanafunzi wangu sita alikataa kutembea. Alisimama chini ya ukuta wa Fort Jesus, mikono imenyooka ubavuni kama aliye kwenye gwaride, akaghani ubeti mzima bila kutikisa hata ukope. Alikuwa ameuhifadhi vizuri. Mizani ilitimia, vina vililingana, sauti yake ilikuwa safi. Watalii wawili wakapita, bodaboda ikapita, mama mwenye kikapu cha samaki akapita. Hakuna aliyegeuza shingo.

Nikamwambia, "Anza upya, ila sasa usisimame. Shika njia."

"Niende wapi, mwalimu?"

Nikamwonyesha Ndia Kuu inavyojipenyeza kati ya nyumba. "Nenda mpaka shairi lenyewe likwambie simama."

Akaenda. Shairi alilolibeba lilikuwa la Muyaka bin Haji, lenye mizani kumi na sita katika kila mshororo, nane kwa nane. Mtu akitembea mwendo wa kawaida, wa asiyekimbilia wala asiyekimbizwa, kila hatua hubeba mizani mbili. Kipande kimoja ni hatua nne. Mshororo ni hatua nane. Ubeti mzima wa mishororo minne ni hatua 32, na hatua 32 katika Mji wa Kale wa Mombasa hukutoa mlango mmoja wenye nakshi, zikakupitisha baraza mbili tatu na kukufikisha kwenye kona. Kijana hakuwa anahesabu. Lakini ubeti ulipokwisha miguu yake ilisita yenyewe, akageuka kunitazama kwa mshangao wa mtu aliyeguswa bega na asiyemwona. "Mwalimu," akasema, "limesimama."

Nimefundisha ushairi wa Kiswahili kwa miaka mingi, chaki mkononi, na sikumbuki siku niliyoona mwanafunzi akielewa mizani kwa haraka namna ile. Darasani tunahesabu kwa vidole, tunapiga mstari chini ya vina, tunaandika ubaoni majina ya bahari, kisha kengele inalia. Mtoto anatoka akijua shairi lina nini, lakini hajui linakwenda wapi. Na nasema kwa yakini kwamba shairi la Kiswahili linakwenda mahali. Lilitungwa na watu wa miji, watu waliotembea kwa miguu katika vichochoro vyembamba, na mwendo huo umo ndani yake hadi leo kama chumvi ilivyo ndani ya maji ya bahari.

Yatazame maneno tunayowakaririsha watoto usiku wa kuamkia mtihani. Ubeti tuliupata kwa Waarabu, na kwao neno hilohilo ndilo nyumba. Mshororo wa mwisho tunauita kituo, pahali msafiri anapotua mzigo. Kipande cha tatu katika mshororo wenye vitatu ni mwandamo, nacho huandama kweli, kinafuata nyuma ya wenzake kama mtu wa tatu katika njia isiyotosha wawili kwenda sambamba. Shairi ambalo maneno ya mwisho ya ubeti hurudi kuanzisha ubeti unaofuata huitwa pindu, na mtu yeyote aliyewahi kukata kona za Mji wa Kale anajua kupinda ni nini: unauacha ukuta mmoja huku bega lako bado limeugusa, na tayari uko kwenye ukuta wa pili. Wazee walioyachagua majina haya walikuwa wanaueleza mji wao. Walipolisikia shairi, waliona nyumba, njia, kona na pa kupumzikia.

Muyaka aliishi Mombasa tangu mwishoni mwa karne ya 18 hadi karibu na mwaka 1840, enzi za utawala wa Wamazrui na uhasama wao na Lamu na Maskati. Inasemwa mara nyingi, na mimi naafiki, kwamba yeye ndiye aliyeutoa ushairi msikitini akaupeleka sokoni. Alitunga juu ya vita na juu ya njaa, juu ya mapenzi na nyumba yake mwenyewe. Mombasa na Lamu zilipotunishiana misuli katika vita vya Shela, yeye na Zahidi Mngumi wa Lamu walijibizana kwa mashairi, na mashairi hayo yalisafiri kwa jahazi kama barua za serikali. Lililotoka kwa Muyaka likashuka Lamu pwani, likapita mitaani, likapata jibu, jibu likapanda chombo.

Jambo ambalo hatulipi uzito unaolistahili ni hili: Muyaka hakuacha kitabu. Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi ndiye aliyemsaidia mmisionari William Taylor kuyakusanya mashairi yale katika robo ya mwisho ya karne ya 19, na diwani yenyewe haikuchapishwa mpaka mwaka 1940, chini ya mkono wa William Hichens. Kwa hiyo karibu nusu karne nzima kabla ya mkusanyo huo mashairi ya Muyaka yaliishi kwa kusemwa tu. Yalisemwa barazani, yakasemwa kwenye vyombo, yakasemwa na mtu aendaye sokoni kumwambia mtu arudiye. Kilichoyahifadhi ni mji wenyewe kwa shughuli zake za kila siku. Sisi tuliokuja baadaye tumepata vitabu, na tunawashukuru waliovichapa, lakini tumejisahaulisha kwamba kitabu kilikuwa cha mwisho kufika.

Nikiwaza mtu mmoja aliyevibeba vyote pamoja, namuwaza Muhamadi Kijumwa wa Lamu. Alikuwa fundi wa kuchonga milango. Alikuwa khatati, mwenye mkono mzuri katika hati za Kiarabu. Alikuwa mtunzi, na alikuwa mtu wa ngoma katika mji ambao ngoma zilishindana mtaa kwa mtaa. Mlango aliouchonga ulitazama njia, wimbo alioutunga ulichezwa, na utenzi aliouandika ulighaniwa. Sidhani kama yeye aliona mipaka tunayoiona leo kati ya idara ya fasihi, idara ya muziki na idara ya sanaa za maonyesho.

Kijumwa huyo ndiye aliyeandika, mwaka 1913, utenzi wa Fumo Liyongo ambao wengi wetu tuliusoma shuleni. Kumbuka Liyongo alivyotoka gerezani. Yuko ndani kwa minyororo, nje wapo walinzi. Anamtumia mamake ujumbe uliofichwa katika beti, kupitia kwa mjakazi Saada: aoke mkate wa wishwa, na ndani ya mkate aweke tupa. Chakula kizuri walinzi walikuwa wakikila wenyewe. Mkate wa wishwa wakaudharau, ukamfikia mfungwa. Kisha Liyongo akaomba ngoma ya gungu. Watu wakaja, vyombo vikapigwa, beti zikaimbwa, miguu ikakanyaga, na ndani ya kelele ile yeye akaikata minyororo pasipo mtu kuusikia mlio wa tupa. Nilipokuwa mwanafunzi nilijibu maswali juu ya ushujaa wa Liyongo. Hakuna aliyeniuliza swali ambalo leo naliona ndilo lenyewe: ni nini hasa kilichomfungua? Tupa peke yake isingetosha. Ilihitaji shairi la kuiita, na ilihitaji miguu ya watu wengi ikicheza pamoja nje ya ukuta.

Mjadala huanzia hapa, maana nikisema shairi litembee wapo wanaodhani nataka maigizo. Sitaki maigizo. Nimekaa katika mashindano mengi ya kughani, na nimewaona watoto wenye vipaji wakifundishwa kuliua shairi kwa mikono yao. Likitajwa neno moyo, mkono unakwenda kifuani. Ikitajwa mbingu, vidole vinaelekezwa kwenye dari. Kikitajwa kilio, ngumi zinasugua macho. Shairi limeshasema moyo. Mkono unasema moyo tena, kwa kuchelewa kidogo, na msikilizaji anatazama mkono badala ya kusikia neno. Mwili unaotafsiri kila neno humnyima msikilizaji nafasi ya kuona kwa akili yake. Namsikitikia sana mtoto anayefanya hivyo kwa bidii na kupewa kikombe, kwa sababu amesadikishwa kwamba shairi ni bubu mpaka litafsiriwe kwa vidole.

Nenda Lamu katika Mfungo Sita ukaone namna nyingine. Maulidi ya Lamu, yaliyopata umaarufu kutokana na kazi ya Habib Swaleh na Msikiti wa Riyadha alioujenga, huwa na zefe, maandamano ya kaswida. Niliishuhudia mara moja pale njia ya pwani, jua limeshalainika, majahazi yamefungwa, nikaisikia kabla sijaiona. Kwanza matari, kisha sauti, kisha safu za vijana wenye kanzu na kofia, bega kwa bega, wanaenda mbele taratibu huku wakiyumba kulia na kushoto kwa pamoja. Punda walisogezwa ukutani. Watoto walikuwa wamebebwa mabegani. Hakuna kijana hata mmoja aliyekuwa akiigiza maneno ya kaswida. Hatua ilikuwa ikiyabeba tu, kama chombo kinavyobeba shehena bila kuwa shehena. Na kwa sababu miili haikuwa ikieleza kitu, maneno yalisikika yote. Nilimwona mzee mmoja barazani akilia kimyakimya. Yeye hakuyumba, hakuimba. Safu ilikuwa ikimpitia mbele yake nayo ikamfikia.

Unguja wana maulidi ya homu, ambapo wanaume hukaa mstari mmoja na kuinama na kuinuka pamoja kwa kaswida na matari mpaka mstari mzima unakuwa wimbi. Mombasa na Lamu wanawake walikuwa na lelemama, ngoma ya mwendo mdogo kabisa, mkono na shingo, na ndani ya mwendo huo mdogo beti za kusifu, za kujibu na za kuchoma zilipita zikafika zilikokusudiwa. Halafu beni, iliyoanzia pwani hii mwishoni mwa karne ya 19 na kuenea bara: vikundi vya Marini na Arinoti vikiandamana barabarani kwa tarumbeta na sare, na nyimbo zao za kushindana zikiandamana navyo. Mkoloni aliwatazama kwa wasiwasi, na alikuwa na sababu. Watu wanaotembea kwa mpangilio, kwa maneno yao wenyewe, katika mji wanaoambiwa si wao, wamekwisha kusema jambo kabla wimbo haujafika kiitikio.

Rafiki yangu mmoja, msomi ninayemheshimu, amenipinga kwa hoja nzito. Akaniuliza: na diwani ya Sauti ya Dhiki je? Abdilatif Abdalla, mwana wa Mombasa hiihii, alifungwa miaka mitatu tangu 1969 kwa sababu ya waraka wake Kenya: Twendapi? Akawekwa peke yake Kamiti. Mashairi yake aliyaandika kwenye karatasi ya chooni, yakachapwa 1973. Pale hapakuwa na mtaa, hapakuwa na matari, hapakuwa na hata kichochoro. Shairi halikuzaliwa kwa miguu.

Nililitafakari swali hilo siku nyingi. Kwanza, nilitazama jina la ule waraka uliompeleka ndani. Ni swali la njia. Mtu aliuliza nchi yake inaelekea wapi, akajibiwa kwa kunyimwa pa kwenda. Kisha nikayatazama mashairi yenyewe. Yamefuata arudhi, mizani kwa mizani, vina kwa vina, na simuoni mtu katika hali ile akijisumbua na hesabu kwa ajili ya pambo. Naamini, na hii ni imani yangu tu, kwamba mizani ilikuwa mwendo ambao askari jela hakuweza kuufungia mlango. Aliyenyimwa Ndia Kuu aliiweka ndani ya mshororo. Shairi lililoandikwa kwenye karatasi ile nyembamba linatudai zaidi kuliko mengine yote sisi tulioachwa huru tukanyage lami.

Katika wale vijana sita wawili walikuwa wasichana, na mmoja wao ndiye aliyenifundisha kitu kigumu zaidi siku ile. Alighani vizuri kuliko wote, lakini alipofika mbele ya baraza iliyojaa vijana wa kiume sauti yake ilipungua, hatua zikawa fupi na za haraka, na mizani ikavunjika. Hakukosea shairi. Mtaa ndio uliomkosea. Nikakumbuka wikio za Lamu, yale madaraja ya juu yanayounganisha nyumba na nyumba, yaliyowawezesha wanawake kutembeleana bila kukanyaga njia ya umma. Wasikilizaji wa kike walikuwapo siku zote, juu ya vichwa vya wanaume, nyuma ya madirisha. Nikamkumbuka pia Siti binti Saad, binti wa Fumba aliyezunguka na vyungu vya mamake akivitangaza kwa sauti kabla hajaingia mjini Unguja mwaka 1911 na kuwa Siti tunayemjua. Shaaban Robert alimwandikia wasifu. Mwaka 1928 alipelekwa Bombay kurekodi santuri. Kabla ya ukumbi na kabla ya santuri, sauti ile ilipimwa na njia: ilibidi ifike nyumba ya mwisho.

Ndiyo maana siwezi kusema shairi lirudi mtaani nikanyamaza kuhusu mtaa wenyewe. Mtaa ambao msichana hawezi kumaliza ubeti wake kwa utulivu bado haujawa tayari kwa Muyaka. Tulirudi nyuma hatua 32. Nilikwenda barazani, nikatoa salamu, nikawaambia wale vijana, "Huyu dada yenu anapita na shairi la mji wenu. Mpokeeni." Wakaona haya, mmoja akajisogeza, mwingine akazima muziki wa simu. Alipopita mara ya pili walinyamaza. Mara ya tatu, alipofika kituoni, watatu kati yao waliitikia. Hawakufundishwa. Mshororo unaorudiwa humfundisha mtu wenyewe.

Nayataka haya yafanyike, na sioni gharama kubwa ndani yake. Serikali ya kaunti ifunge Ndia Kuu kwa magari na tuktuk alasiri moja kila mwezi. Njia yenyewe ni fupi na wakazi wake wengi wanaishukuru siku yoyote isiyo na honi. Walimu watoke na wanafunzi wao. Kama huko si Mombasa, basi ni Ng'ambo ya Unguja, ni Kariakoo, ni Kisumu. Mashairi yapo na njia zipo. Wanaosomea ngoma Bagamoyo wakutane na wanaosomea fasihi vyuo vikuu, wasikutane kwenye kongamano bali barabarani, wenye miguu wawafundishe wenye maneno, na wenye maneno wawafundishe wenye miguu. Wenye kamera wapige picha, kwa sharti moja: kamera nayo itembee kwa mwendo wa ubeti, isikatekate hatua katikati ya kipande. Nimeona filamu fupi za mashairi ambazo picha zinabadilika kila nukta ya saa, na shairi limebaki nyuma likihema.

Na washairi wapya watunge kwa njia mpya. Mtu anayevuka barabara pana ya Nairobi hatembei kama anayepenya kichochoro cha Mkunazini, Unguja. Anasita, anakimbia hatua tano, anasita tena. Katika mwendo huo imo arudhi ambayo bado haijapewa jina, nami ningefurahi sana kuishi niione ikipewa. Lakini mtunzi ataipataje kama hajaikanyaga?

Ndoto yangu nyingine iko Pate. Al-Inkishafi, utenzi wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, unautembeza moyo wa mtunzi katika majumba ya matajiri wa Pate yaliyoanguka, chumba kwa chumba, kutoka taa na vyombo vya thamani mpaka ndege na popo waliobaki kuwa wenyeji. Nataka siku moja nitembee huko na watu wachache, asubuhi na mapema, tukiughani polepole kati ya magofu hayohayo, bila ngoma na bila kipaza sauti. Huko hata hatua itabidi ijifunze adabu.

Narudi Ndia Kuu. Magharibi ilikuwa inakaribia, tumebakiza kipande kidogo kufika kwenye uwanja ulio mbele ya Bandari ya Kale. Yule kijana wa kwanza, aliyekataa kutembea, ndiye aliyekuwa mbele. Nyuma yetu akatokea muuza kahawa na dele lake, mkaa unapumua chini, vikombe vidogo vinagongana mkononi kama ilivyo desturi yao ya kujitangaza. Alikuwa na haraka zake. Akataka kutupita, njia haikumruhusu. Hatua chache baadaye niliona kwamba vikombe vinagonga pale mguu wa kijana unapotua. Sidhani alikusudia. Ubeti wa mwisho kijana akausahau; akafika kipande cha pili cha mshororo wa tatu, kimya. Miguu haikusimama. Vikombe havikusimama. Tukaenda hatua nne bila neno, na kutoka kwenye baraza ya mkono wa kushoto, mzee mmoja ambaye hata hakuinua macho yake kutoka kwenye bao akakitaja kipande kilichopotea, kwa sauti ya chini, kama anayemrudishia mtu ufunguo alioudondosha. Kijana akakipokea, akaendelea nacho kuelekea baharini.